Wimbo ni wa Anayesimama Kutunza

Mgeni akihudhuria taarab ya wanawake Unguja kwa mara ya kwanza, humkodolea macho mwimbaji. Wenyeji wanatazama viti. Mwimbaji amesimama na kipaza sauti chake, uso mkavu, anatoa beti moja baada ya nyingine kama alivyopewa na mtunzi. Mambo yako upande wa pili: nani atainuka, atainuka kwenye ubeti upi, atapita mbele ya nani akielekea jukwaani, na shingo yake itageuka upande gani. Mwanamke akisimama na noti mkononi, akacheza kwa madaha hadi kwa mwimbaji, akamtunza na kurejea kitini kwa mwendo ule ule, ameshasema. Maneno yametungwa na mtu mwingine, yameimbwa na mtu mwingine, na ala zimepigwa na wanaume ambao pengine hawana habari kwamba kuna ugomvi. Lakini kwa muda wa ubeti ule wimbo ni wake.

Kwa zaidi ya miaka thelathini mjadala wa taarab katika magazeti, redioni na barazani umezunguka swali moja: je, mipasho, yaani nyimbo za kusutana, imeiharibu taarab? Wapenzi wa vikundi vya zamani hujibu ndiyo kabla swali halijaisha. Wapenzi wa taarab ya kisasa hujibu kwamba muziki usiobadilika hufa. Pande zote mbili zinazungumzia jukwaa, yaani mashairi, ala na mavazi ya waimbaji. Ukilisogeza swali upande wa viti, historia yote inajipanga upya. Muziki wa wanawake wa visiwa hivi ni njia ya kumwezesha mtu kusema hadharani jambo ambalo mila, jamaa na ujirani vinamkataza kulisema, na aseme bila ya mtu kuweza kumshika kwalo. Kila kilichobadilika tangu enzi za masultani hadi leo kinafaa kupimwa kwa kipimo hicho: je, njia hiyo imepanuka, imesinyaa, au imehamia pengine?

Historia inayosimuliwa mara nyingi haisaidii sana hapa. Tunaambiwa kwamba Sultani Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, alipenda muziki wa Misri, akamtuma Mohamed Ibrahim kwenda kujifunza ganuni, na kwamba mwaka 1905 vijana wa mjini wakaanzisha chama cha Akhwani Safaa. Yote hayo ni mkondo mmoja tu, wa wanaume wa mjini walioimba kwa Kiarabu na kukutana kwa mialiko. Wanawake hawamo, si kwa sababu hawakuwa na muziki, bali kwa sababu muziki wao haukuitwa taarab. Uliitwa ngoma.

Na ngoma zenyewe zilikuwa nyingi. Kulikuwa na unyago, ambamo somo au kungwi huwafunda wasichana mambo ya mwili, ndoa na uvumilivu, mlango ukiwa umefungwa na wanaume wakiwa mbali. Humo maneno husemwa bila pazia, na ngoma ya msondo hupigwa na mwanamke mwenyewe. Bi Kidude, ambaye jina lake halisi lilikuwa Fatuma binti Baraka, alijulikana duniani kwa sauti yake na akapewa tuzo ya WOMEX mwaka 2005. Lakini kwa wanawake wa Unguja alikuwa kwanza mtu wa unyago, mwenye msondo wake, na hadi alipofariki tarehe 17 Aprili 2013 hadhi hiyo ilikuwa kubwa kuliko ya jukwaani. Kulikuwa pia na vugo, ngoma ya harusi ambayo wanawake wa Lamu na Mombasa huipiga kwa pembe na kijiti, wakitembea na kuimba.

Tena kulikuwa na lelemama, na hapa ndipo pa kukaa kidogo.

Kwa macho lelemama ni ngoma tulivu mno. Wanawake husimama safu, wamevaa sare, mikono na vichwa vikitikisika kwa kipimo, miguu haina haraka. Utulivu huo ulificha mashindano makali. Lelemama ilichezwa na vyama, na chama kilikuwa na viongozi wenye vyeo, michango, sare, na mahasimu. Margaret Strobel, aliyeandika kuhusu wanawake Waislamu wa Mombasa, ameeleza jinsi vyama kama Ibinaal Watan na Banu Saada vilivyoshindana kwa karamu, mavazi na nyimbo za kuchomana, na jinsi vyama hivyo hivyo vilivyowafunza wanawake kukusanya fedha, kuongoza watu na kusaidiana msibani. Unguja hali ilikuwa ya namna hiyo hiyo. Utumwa ulikuwa umefutwa kisheria mwaka 1897, na maelfu ya wanawake waliokuwa wakivaa kaniki sasa walinunua khanga na kutafuta mahali pao katika mji. Laura Fair, katika kitabu chake cha 2001 kuhusu starehe na siasa za Unguja, ameonyesha kuwa mavazi, ngoma na nyimbo vilikuwa uwanja wa kudai heshima kwa watu ambao sheria iliwapa uhuru bila kuwapa kitu kingine. Mwanamke wa Ng'ambo, upande wa pili wa mji, aliyesimama kwenye safu ya lelemama akiwa na sare sawa na ya mwenzake aliyezaliwa huru alikuwa anatoa hoja, ingawa kinywa chake kilikuwa kimefumba.

Kwa hiyo wanawake walikuwa na madarasa mawili. Unyago uliwapa uwazi, lakini ndani ya nyumba. Lelemama iliwapa hadhara na mashindano, lakini kwa adabu ya nje. Taarab ya wanawake ilizaliwa pale mambo ya darasa la kwanza yalipopata nafasi katika la pili, na kilichowezesha jambo hilo ni fumbo. Sikubaliani na wanaosema fumbo ni pambo la ushairi tu. Bila fumbo, mambo ya chumbani yasingeweza kufika barazani.

Kati ya mikondo hii anasimama Siti binti Saad. Alizaliwa kijijini Fumba miaka ya 1880 katika familia yenye asili ya utumwa, akapewa jina la Mtumwa, akafinyanga vyungu na kuvinadi mjini kwa sauti iliyowafanya watu wageuke. Mnamo 1911 alihamia mjini. Ali Muhamed akamfunza kuimba, naye akajiunga na wapigaji kama Subeit bin Ambar na Mbaruk Talsam. Mwaka 1928 walikwenda Bombay kurekodi santuri, na Siti akawa miongoni mwa wanawake wa mwanzo kabisa wa Afrika Mashariki kusikika katika santuri. Shaaban Robert alimwandikia wasifu, na miongo kadhaa baadaye wanahabari wanawake wa TAMWA waliliita jarida lao Sauti ya Siti.

Sifa hizo zinajulikana. Lisilotajwa sana ni kwamba Siti aliigeuza taarab kuwa mahali pa kutolea habari za mtaa. Wimbo wake Kijiti ulihusu mauaji ya mwanamke aliyekuja Unguja kutoka Dar es Salaam, mtuhumiwa aliyekimbilia bara, na mahakama ya kikoloni iliyoishia kuwaadhibu wanawake waliokuwa mashahidi. Watu wa Ng'ambo hawakuhitaji kuelezwa ni nani na nani. Mwimbaji alileta sura ya kisa, wasikilizaji wakaleta majina. Mgawanyo huo wa kazi, ambao nusu ya wimbo iko kinywani mwa mwimbaji na nusu kichwani mwa msikilizaji, ndio uti wa mgongo wa kila kilichofuata. Siti aliimba pia kwenye kasri na katika majumba ya matajiri, lakini nguvu yake ilitoka kwa waliojua jina la aliyesemwa.

Baada yake vikaja vyama vya taarab vya wanawake wenyewe. Baadhi vilijiita kwa majina ya majeshi ya Kiingereza, Royal Air Force na Navy. Vingine vilichagua majina ya Kiarabu, kama Nuru el-Uyun na Sahib el-Ary. Janet Topp Fargion, aliyeichunguza taarab ya Unguja ya karne ya ishirini kwa kina, anavihusisha moja kwa moja na lelemama: muundo ni ule ule, uhasama ni ule ule, ila kilichokuwa kinachezwa safuni sasa kinaimbwa na kupigiwa ala. Chama kilipata habari za upande wa pili, kama vile nani kaachwa, nani kamchukua mume wa nani, nani kaazima dhahabu za harusi. Mtunzi akaendewa. Wimbo ukafanyiwa mazoezi kwa siri, na siri ikilindwa kweli kweli, kwa sababu wapinzani wakiujua mapema wangekuja na jibu usiku huo huo. Kisha siku ya shughuli ukafunguliwa. Walengwa walitakiwa kukaa, kutabasamu na kusikiliza hadi mwisho. Kuondoka katikati kulikuwa sawa na kukiri.

Mtu atauliza, na anayo haki: ikiwa wanawake walikuwa na vyama, fedha, nyimbo na mashabiki, mbona wapigaji walikuwa wanaume? Jibu linalopendwa ni dini na stara. Halitoshi. Hatua chache kusini mwa bahari hii, katika kisiwa cha Mayotte, wanawake wana deba, kasida zinazoimbwa katika safu kwa utaratibu wa tarika, na tari hupigwa na wanawake wenyewe. Ni kisiwa cha Kiislamu vilevile, na watu ni wa damu na safari zile zile. Hata Unguja, msondo wa unyago haukuwahi kumngoja mwanamume. Ala zilizokuwa nje ya mikono ya wanawake ni zile za vyama vya mjini: udi, ganuni, fidla, akodiani. Hizo zilifunzwa klabuni, usiku, mwanamume kwa mwanamume, na klabu haikuwa na kiti cha mwanamke. Kwa hiyo chama cha wanawake kilikodi wapigaji kama kilivyokodi viti na taa. Ukilitazama kwa jicho hilo, jambo linageuka: wanaume hawakuwa mabwana wa muziki ule, walikuwa mafundi waliolipwa.

Kizuizi kilikuwa cha shule, na kilipoondoka shuleni kiliondoka na mikononi. Chuo cha muziki cha nchi za jahazi, DCMA, kilichofunguliwa mjini Unguja mwaka 2002, kiliwapokea wasichana katika madarasa ya udi na ganuni. Mariam Hamdani, mwandishi wa habari wa siku nyingi, aliasisi Tausi, kikundi cha wanawake wanaopiga ala zote wenyewe. Wapo wanaokiona kikundi hicho kama kivutio cha watalii. Huenda watalii wanakipenda, lakini tangu lini kupendwa na mgeni kukawa hoja dhidi ya fidla iliyopigwa vizuri?

Turudi kwenye viti. Kutunza kuna kanuni zisizoandikwa popote, na kila mwanamke aliyekulia Pwani anazijua. Noti ya kwanza huweza kuwa ya heshima tu, kwa mwimbaji au kwa mwenye shughuli. Noti inayotolewa kwenye ubeti maalumu ni tamko. Ikitolewa tena kwenye ubeti ule ule uliporudiwa, ni msisitizo. Anayetunza hatakiwi kumtaja mtu wala kumnyooshea kidole. Inatosha apite karibu na kiti fulani, apunguze mwendo, ainue noti juu kidogo. Rafiki zake wakiinuka kumfuata, ukumbi umepiga kura. Kelly Askew, aliyefanya utafiti Tanga na kuandika kitabu kuhusu muziki na siasa za Tanzania, ameonyesha kwamba mtu anaweza kuuchukua wimbo wa mapenzi ya kawaida na kuugeuza kuwa shambulio kwa kutunza tu. Na aliyeshambuliwa anaweza kuuchukua wimbo huo huo, kwenye ubeti unaofuata, akarudisha. Mtunzi hakuandika lolote la ugomvi. Ugomvi wote umeandikwa kwa noti.

Ubora wa mpango huu ni kwamba hauna ushahidi. Mume akiuliza nyumbani, jibu lipo: nilikuwa namtunza mwimbaji, sauti yake imenikosha. Shangazi akikemea, jibu ni hilo hilo. Katika mtaa ambao mke na hasimu wake watachota maji pamoja kesho asubuhi, na watazikana, uwezo wa kusema kisha kukana si unafiki. Ndio unaoruhusu ugomvi uishe bila nyumba kubomoka. Ndiyo sababu pia shairi zuri la taarab ni lile linalomfaa kila mtu. Mtunzi anayeandika wimbo wenye maana moja tu amewanyima wasikilizaji kazi yao.

Mapinduzi ya Januari 1964 yaliingia hata humu. Vyama vilivyonuka usultani au ukoloni kwa jina vilikuwa na sababu ya kujificha au kubadilika. Vikundi vikubwa, Akhwani Safaa na Culture Musical Club, ambacho kilianza mwaka 1958, vikawa na waimbaji wanawake mbele na wapigaji wanaume nyuma, na ndiyo sura ya taarab ambayo wengi wetu tunaiita ya asili. Ni ya asili kwa umri wa mtu mmoja tu. Redio ya serikali ndiyo iliyoamua wimbo upi uende hewani, na nyimbo za kujenga nchi zikapata nafasi yao. Hata hivyo serikali ilibana mashairi tu, viti haikuvigusa. Wimbo uliopita ukaguzi kwa kuwa haukuwa na neno baya ungeweza kutunzwa usiku wa harusi kwa maana ambayo hakuna mkaguzi angeiota.

Pembeni mwa visiwa muziki huu ulichukua njia nyingine ambazo sitazifuata mbali. Tanga, vikundi vya Black Star na Lucky Star viliingiza magitaa ya umeme na mapigo ya ngoma, na sauti ya Shakila Saidi ikasikika Afrika Mashariki nzima. Mombasa, Zuhura Swaleh na Malika walifunga taarab na ngoma ya chakacha. Unguja kwenyewe kidumbak, pamoja na sanduku lake na ngoma zake ndogo, kiliendelea kuchezwa kwenye harusi ambako kuajiri kikundi kamili ni ghali.

Kishindo kilikuja miaka ya 1990. East African Melody ikaja na vinanda vya umeme na nyimbo ndefu zenye maneno ya wazi. Dar es Salaam, Tanzania One Theatre, kikundi kilichokuwa chini ya Kapteni John Komba, kilimchukua Khadija Kopa, Mzanzibari aliyepitia Culture Musical Club. Muungano Cultural Troupe ikawa na Nasma Khamis, maarufu kwa jina la Kidogo. Kopa na Nasma wakawekwa uso kwa uso. Kumbi zilijaa, kaseti zikauzwa mitaani, na neno mipasho likatoka Pwani likaingia Kiswahili cha kila mtu. Baadaye Jahazi ya Mzee Yusuf ikaendeleza mkondo huo.

Wanaolalamika husema tatizo ni matusi. Nadhani wamekosea. Aliyewahi kusikia nyimbo za unyago anajua kwamba mipasho ni ya adabu sana ikilinganishwa nazo. Malalamiko mengi ya matusi, ukiyachungua, ni malalamiko ya watu wa mjini wenye uwezo dhidi ya starehe za wanawake wa uswahilini. Sauti ile ile ilitumika dhidi ya ngoma zao wakati wa ukoloni. Lakini wazee wana haki juu ya jambo moja, ingawa wanalitaja kwa jina lisilo lake. Mwimbaji wa mipasho alianza kugombana yeye mwenyewe. Kopa na Nasma walikuwa wahusika, si wapaza sauti wa watu wengine, na wasikilizaji wakawa mashabiki, huyu wa upande huu, yule wa upande ule, kama Simba na Yanga. Aliyeinuka kutunza alikuwa anamuunga mkono mwimbaji. Hakuwa tena anautwaa wimbo. Na kwa kuwa maneno yalikuwa wazi, na maana ilikuwa moja, nafasi ya msikilizaji kuweka jina lake mwenyewe ilipungua. Muziki ukapata nyota na ukapoteza sehemu ya umilikaji wake wa pamoja.

Sehemu, si yote. Kwenye harusi za mtaani, ambako watu wanajuana, mipasho hiyo hiyo iliyotungwa kwa ajili ya nyota wa Dar es Salaam ilichukuliwa na kutunzwa kwa ugomvi wa nyumba kumi. Rusha roho, yaani taarab hii ya kisasa, ikichezwa kwa spika tupu, bila kikundi, wanawake bado wanainuka kwenye mstari wanaoutaka na kumzunguka wanayemtaka. Noti, hapo, haina wa kupewa. Hupewa bibi harusi, au haitolewi kabisa.

Na sasa kuna simu. Mwanamke anakata sekunde thelathini za wimbo, anaziweka kwenye status ya WhatsApp asubuhi, hamtaji mtu. Wanaohusika wanafungua. Yeye anaona orodha ya waliotazama, na akiulizwa anajibu kwamba wimbo ni mtamu tu. Hasimu anajibu saa sita mchana kwa wimbo mwingine, wakati mwingine wa mwimbaji yule yule. Ukumbi umeondoka, viti vimeondoka, lakini kanuni za kutunza zimebaki karibu zote: uchaguzi wa ubeti, maneno ya kuazima, hadhara inayojua, na mlango wa kukana. Kwa kipimo nilichokianza nacho, njia haijafa hata kidogo. Pengine haijawahi kuwa pana hivi, maana hata mwanamke asiyeruhusiwa kutoka usiku sasa anaweza kutunza.

Kilichoondoka ni noti. Katika ukumbi, kuutwaa wimbo kulikuwa na bei, na bei hiyo iliingia mfukoni mwa mwimbaji na kundi lake usiku ule ule. Ugomvi wa mtaa ulikuwa unawalisha wapiga fidla. Leo wimbo mmoja unaweza kutumika katika magomvi elfu kwa siku, na aliyeuimba asipate hata nauli ya daladala. Vikundi vya zamani vinategemea matamasha kama Sauti za Busara na wageni wa hotelini, ambao hukaa kimya, hupiga makofi mwishoni na hawagombani na mtu. Ni wasikilizaji wazuri na hulipa kiingilio bila kelele. Ila hawana wa kumwimbia, na mtunzi anayewatungia wao hana haja ya fumbo.